Somo: Nguvu yenye masharti

Vijana wengi wanapenda katuni. Leo tunajifunza kwa moja ya Japani, Hunter × Hunter, iliyoanzishwa na Yoshihiro Togashi mwaka 1998.

Kurapika ni kijana ambaye ukoo wake uliangamizwa na genge. Anapata mnyororo wenye nguvu kubwa kwa kuapa kuutumia juu ya genge hilo tu. Akimfunga mtu mwingine, atakufa. Sharti likiwa gumu, nguvu inazidi.

Sisi wa Masisi na Walikale hatushangai. Dawa ya Mai-Mai nayo ina masharti: usiibe, usiguse mwanamke. Hata Tanganyika, katika vita vya Maji Maji (1905–1907), maji ya Kinjikitile yaliaminiwa kuzuia risasi. Mpiganaji akifa, watu husema amevunja sharti. Basi dawa haikosei kamwe, marehemu ndiye mwenye kosa! Lakini tusicheke upesi. Sharti la kutoiba, likishikwa, linamlinda raia kuliko mpiganaji mwenyewe.

Kuna gumu zaidi. Kurapika anapomuua mmoja wa genge, wenzake wanamlilia kwa uchungu wa kweli. Mtoto Gon anakasirika: wanaojua kulia hivyo, mbona hawakuwahurumia waliowaua?

Tangu soko la Ntoto, Walikale, liliposhambuliwa Machi 1993, kila jamii yetu ina wafu wake.

Tujadiliane katika vikundi: tunapowalilia wetu, tumewahi kuwataja wafu wa jirani? Nani alitukataza?