SOMO: MAGARI YA UMEME, NAFUU YA KODI NA MSHAHARA WA MFANYAKAZI

Sisi wa Walukuba tumezoea viwanda vya nguo, mafuta na chuma, na wenzetu wengi hukata miwa Kakira. Sasa huko huko upande wa Kakira pamejengwa kiwanda cha Kiira Motors cha kuunda mabasi ya umeme. Kiira ni jina la mto wetu, Nile. Kazi hiyo ilianzia Chuo Kikuu cha Makerere, ambako gari dogo la umeme lilionyeshwa mwaka 2011, na basi la Kayoola lenye kusaidiwa na nguvu ya jua likafuata mwaka 2016. Vijana wetu wanatazamia kazi katika viwanda vya namna hii.

Katika somo hili tunaeleza jambo moja. Serikali imewapa waundaji wa magari ya umeme nafuu kubwa ya kodi, lakini nafuu hiyo ina masharti, na masharti mengine yanahusu mishahara. Mfanyakazi asiyeyajua hawezi kuuliza lolote.

1. Nafuu yenyewe

Tangu tarehe 1 Julai 2024, sheria ya kodi ya mapato inamruhusu anayeunda magari ya umeme, betri zake, vyombo vya kuchaji, au fremu na bodi za magari hayo, asilipe kodi ya mapato kwa miaka 10. Tena gari la umeme lililoundwa nchini halitozwi kodi ya VAT ya asilimia 18 likiuzwa, mpaka tarehe 30 Juni 2028. Kodi hiyo ingelipwa kwenye hazina ya taifa, ile inayojenga hospitali na shule zetu. Kwa hiyo nafuu hii ni mchango wa wananchi wote, na wananchi wana haki ya kuuliza wamepata nini.

2. Masharti yake

Mgeni lazima alete mtaji wa dola milioni 10 au zaidi. Raia anatakiwa dola 300,000, au dola 150,000 akiweka kiwanda mikoani. Asilimia 70 ya malighafi itoke nchini, kama inapatikana. Asilimia 70 ya wafanyakazi wawe raia. Na jumla ya mishahara ya raia hao isipungue asilimia 70 ya mishahara yote ya kiwanda.

Sharti hili la mwisho ndilo tulishike sana. Lilitungwa ili raia wasijazwe kwenye kufagia na kubeba mizigo, huku fedha zote zikienda kwa mafundi wa kigeni.

3. Tufanye hesabu

Tuseme kiwanda kina watu 100, raia 70 na wageni 30, na mishahara yote kwa mwezi ni shilingi milioni 100. Kiwanda cha kwanza kinawalipa raia 70 milioni moja kila mmoja. Jumla ni milioni 70. Sharti limetimizwa.

Kiwanda cha pili kina raia watano, wakubwa wa ofisi, wanaopata milioni 10 kila mmoja. Hiyo ni milioni 50. Raia 65 waliobaki wanagawana milioni 20, na kila mmoja hafikishi shilingi 308,000. Jumla ya raia ni milioni 70 vile vile. Sharti limetimizwa!

Mmeona, ndugu? Sheria inapima chungu kizima, haipimi sahani ya kila mtu. Na kima cha chini cha mshahara kilichowekwa mwaka 1984 ni shilingi 6,000 kwa mwezi, fedha isiyotosha posho ya nyumba kwa wiki moja. Mwaka 2019 Bunge lilipitisha mswada mpya, lakini Rais hakuutia sahihi.

4. Mambo yasiyosamehewa

Mwajiri aliyesamehewa kodi hakusamehewa wajibu wake kwa mfanyakazi. Lazima apeleke NSSF asilimia 10 juu ya mshahara wako, pamoja na asilimia 5 inayokatwa kwako. Lazima atoe vifaa vya kujikinga, maana umeme wa betri za basi unaweza kuua, na moshi wa kuchomelea huharibu mapafu. Wala hawezi kukuzuia kuingia chama: Katiba ya mwaka 1995, kifungu cha 40, inakupa haki hiyo pamoja na haki ya kujadiliana kwa pamoja na ya kugoma.

5. Kazi yetu

Kugawa sahani ni kazi ya mapatano kati ya chama na mwajiri, na mapatano hayo yaandike mshahara wa kila daraja: fundi wa umeme, mchomeleaji, mpaka rangi, mlinzi. Mwakilishi anapokaa mezani aulize: je, kampuni imepewa nafuu ya kodi? Raia ni wangapi, na jumla ya mishahara yao ni kiasi gani? Mwajiri akijibu kwamba hana fedha, akumbushwe miaka 10 ya kodi asiyolipa. Mtu mmoja akiuliza haya peke yake ataitwa mkorofi. Wakiuliza wote kwa sauti ya chama, lazima wajibiwe.

Maswali ya kujadiliana katika tawi lenu:

(a) Kwa nini asilimia 70 ya mishahara yote haimlindi mfanyakazi wa chini?

(b) Katika kiwanda au shamba lenu, nani anajua jumla ya mishahara?

(c) Ni daraja gani za kazi ambazo mapatano yenu hayajazitaja?