Abaki Nyumbani au Aende Shule?



Somo la robo hii limetokana na swali la mama mmoja anayeanika dagaa katika mwalo mmoja kaskazini mwa jiji la Mwanza. Tulikuwa tumemaliza mafunzo ya usafi wa vyoo na watu wanakusanya vikombe vya chai. Akauliza kwa sauti ya chini: "Mtoto wa darasa la pili akiamka na homa, mimi nifanyeje? Nikimwacha nyumbani hakuna mtu. Nikimpeleka shule mwalimu anamrudisha. Nikibaki naye, dagaa wananyeshewa." Siku ile hakuna aliyemjibu vizuri, nami nikiwemo.

Baadaye nilipozungumza na walimu nilielewa jinsi akina mama wengi wanavyolitatua jambo hili. Mtoto mgonjwa habaki peke yake. Anabakishwa na dada yake wa darasa la tano au la sita. Kwa hiyo ugonjwa wa mtoto mmoja unawatoa watoto wawili darasani, na huyo wa pili haumwi kitu. Wanakamati, mnapopitia mahudhurio pamoja na mwalimu mkuu, msiishie kwenye jina la mgonjwa. Tazameni kama jina la dada yake nalo halipo siku zile zile.

Ndiyo maana ni muhimu kujua ni ugonjwa gani hasa unaomzuia mtoto kwenda shule, na kwa siku ngapi. Kila siku ya ziada anayokaa nyumbani bila sababu kuna mtu anailipia, na kila siku anayopelekwa shule akiwa na ugonjwa wa kuambukiza wenzake ndio wanaoilipia.

Maswali matatu ya asubuhi

Mzazi hahitaji kuwa daktari. Ajiulize: je, mtoto ana nguvu za kukaa darasani na kufuata somo? Je, anahitaji uangalizi ambao mwalimu mwenye darasa lililojaa hawezi kuutoa? Je, atawaambukiza wengine? Mtoto asiye na nguvu, au anayehitaji uangalizi, au anayeambukiza, abaki. Kama hakuna hata moja kati ya hayo, aende, hata kama ana mafua kidogo. Mafua bila homa hayamzuii mtoto kusoma. Apewe kitambaa na afundishwe kukoholea kwenye kiwiko.

Homa ni jambo jingine. Mtoto mwenye homa abaki, na huku kwetu asibaki tu bali apelekwe kituo cha afya akapimwe malaria siku hiyo hiyo. Hapa lazima nikiri kosa langu. Miaka michache iliyopita mwanangu aliamka akiwa wa moto, nami nilikuwa na kikao na wageni waliokuja kutembelea mradi. Nikampa panadol, joto likashuka, nikamvalisha sare. Saa nne mwalimu akanipigia simu kuwa mtoto anatetemeka na kutapika. Kipimo kilionyesha malaria. Dawa ya kushusha homa ilikuwa imeficha ugonjwa kwa saa tatu tu, nami nilizitumia saa hizo kuwaeleza wageni jinsi tunavyowajali watoto.

Malaria haiambukizwi kwa kukaa dawati moja. Mtoto aliyeanza dawa ya mseto, homa ikamtoka na akaweza kula, anaweza kurudi darasani hata kabla ya siku 3 za dozi kwisha. Muhimu vidonge vya asubuhi na jioni vimezwe nyumbani mpaka viishe. Lakini mtoto mwenye degedege, anayetapika kila kitu, anayeshindwa kunywa, anayepumua kwa shida au aliyepoteza fahamu, huyo si wa shule wala wa nyumbani. Apelekwe hospitali mara moja.

Wanaopaswa kubaki

Kuhara ndiko kunakotusumbua zaidi pwani ya ziwa, kwa kuwa maji ya kunywa, kuoga na kufulia mara nyingi hutoka mahali pamoja. Mwishoni mwa mwaka 2023 na mwanzoni mwa 2024 kipindupindu kiliripotiwa katika mikoa kadhaa ya Kanda ya Ziwa, Mwanza ikiwemo. Mtoto anayehara abaki nyumbani mpaka zipite siku 2 kamili tangu kuhara kukome. Wazazi wengi humrudisha mtoto asubuhi ile ile anapopata nafuu, naye anakwenda kutumia choo kimoja na mamia ya wenzake, pengine bila maji ya kunawa. Kuhara maji mengi mfululizo si jambo la kusubiri. Aanze kunywa maji ya ORS huku mkiwa njiani kwenda zahanati.

Macho mekundu mnayakumbuka. Januari 2024 Wizara ya Afya ilitoa tahadhari baada ya wagonjwa kuongezeka Dar es Salaam, na ugonjwa ukafika mikoa mingine. Husababishwa na virusi, huenea kwa mikono na taulo, na kwa kawaida hupona wenyewe. Mtoto abaki mpaka macho yaache kutoa tongotongo na machozi. Asitiwe maziwa ya mama, chai wala dawa ya macho ya jirani.

Mtoto mwenye surua abaki angalau siku 4 tangu vipele vitokee, na kituo cha afya kipewe taarifa. Kamati iulize pia kama wadogo zake wamepata chanjo ya miezi 9 na ile ya miezi 18, maana wengi huipata ya kwanza na kuisahau ya pili. Tetekuwanga asubiri mpaka malengelenge yote yakauke na kufanya magamba. Matumbwitumbwi ni siku 5 tangu shavu livimbe. Mwenye upele unaowasha usiku anaweza kurudi baada ya kupakwa dawa mara ya kwanza, ila familia nzima ipakwe pamoja, vinginevyo mnazungushana. Anayekohoa kwa wiki 2 au zaidi apimwe kifua kikuu. Akikutwa nacho, kituo ndicho kitasema arudi lini, na mara nyingi ni baada ya wiki kama 2 za dawa.

Nawaomba walimu wa shule ya Jumapili nao wasome sehemu hii. Mtoto aliyezuiwa kwenda shule Ijumaa kwa sababu ya macho mekundu tusimkute Jumapili kwenye benchi la mbele.

Wanaozuiwa bila sababu

Hapa ndipo penye huzuni zaidi. Wapo watoto wanaokaa nyumbani miezi, wengine hawarudi kabisa, kwa magonjwa yasiyoambukizwa darasani.

Kifafa ni mfano. Bado kuna watu wanaoamini kwamba mate ya mtoto aliyeanguka yanaambukiza, kwa hiyo wenzake wanakimbia na mzazi anaona aibu. Mate hayo hayaambukizi kitu. Mtoto huyo anahitaji dawa za kila siku, mwalimu anayejua kumlaza ubavu, na mtu wa kumzuia asiogelee ziwani peke yake. Mtoto mwenye selimundu naye, na Kanda ya Ziwa ni miongoni mwa maeneo yenye watoto wengi wa selimundu nchini, abaki nyumbani au aende hospitali siku za maumivu na homa. Siku nyingine zote asome, aruhusiwe kunywa maji mara kwa mara na asichapwe wala kukimbizwa mchakamchaka asubuhi ya baridi. Anayetumia dawa za kufubaza VVU aende shule kama wenzake. Anachohitaji ni ruhusa ya siku ya kliniki isiyomlazimu kujieleza mbele ya darasa.

Kisha kichocho. Kandokando ya ziwa tuna kile cha tumbo, na huko ndani kwenye majaruba ya mpunga na malambo kipo cha mkojo. Mtoto hawezi kumwambukiza jirani yake wa dawati. Mayai hutoka na kinyesi au mkojo, huingia majini, hupitia kwa konokono, ndipo vijidudu hupenya ngozi ya anayeoga au kuchota maji. Kwa hiyo kumbakisha nyumbani mtoto mwenye kichocho kunaweza kuongeza tatizo, kwa sababu akiwa nyumbani atashinda ziwani.

Tena, dawa yenyewe hutolewa shuleni. Siku ya vidonge vya prazikwanteli, ambapo watoto hupimwa kimo kwa fimbo maalumu ili kujua idadi ya vidonge, ni siku ya kuhakikisha kila mtoto amefika. Wako wazazi wanaofanya kinyume, na hofu yao haikuanza leo. Mwaka 2008 mjini Morogoro wazazi wenye hasira walivamia baadhi ya shule baada ya watoto kupata kichefuchefu na kizunguzungu walipomeza dawa hizo, na uvumi ukavuma kuwa kuna waliokufa. Wengi walikuwa wamemeza wakiwa na njaa. Dawa hii inataka tumbo lenye chakula. Sufuria la uji shuleni asubuhi hiyo litasaidia kuliko matangazo mengi ya kipaza sauti, na hapa wafadhili wetu mnaweza kuona kazi ya mchango mdogo.

Tukirudi kwa yule mama

Akina mama kumi na wawili wa mwalo ule walikubaliana zamu: mmoja asiyeanika siku hiyo anakaa na watoto wagonjwa, wenye kuhara wakitengwa na wengine, na wengine wanamgawia kopo la dagaa jioni. Mwalimu mkuu amekubali kupokea ujumbe wa simu badala ya kumtuma mdogo au dada kupeleka taarifa. Wasichana wawili wa darasa la sita waliokuwa wakibakishwa mara kwa mara sasa wanahudhuria vizuri zaidi.

Mpango huu unakwenda wakati wa mbalamwezi, wavuvi wanapopumzika. Siku za giza, mitumbwi inaporudi alfajiri imejaa, kila mkono unahitajika kwenye chanja na zamu inavunjika. Mpaka tunaandika somo hili hatujapata njia. Kamati yoyote ya mwambao iliyofanikiwa kupita siku za giza bila kumtoa msichana darasani ituandikie kabla ya toleo lijalo, au itume mjumbe mmoja kwa akina mama hawa, nauli tutaitafuta.