Tukishasameheana, Kesi Inaenda Wapi?

Maandiko ya kusoma wiki hii: 2 Samweli 12:1-14, Luka 19:1-10

Kuna ombi moja linalonifikia ofisini tena na tena: "Pasta, tuandikie barua ya korti. Mimi na mzee tumesameheana." Wengine huja wawili, wengine mke peke yake, na mara nyingine ni mama mkwe anayekuja kwa niaba ya kijana wake. Wengi tunadhani tukishashikana mikono mbele ya madhabahu, faili imefungwa. Sivyo.

Soma hati ya mashtaka. Haijaandikwa mke dhidi ya mume. Imeandikwa Jamhuri dhidi ya fulani. Wewe uliyepigwa ni mlalamishi na shahidi, kwa hivyo ukinyamaza kesi haifi yenyewe. Na wale wanaosema mke hawezi kulazimishwa kutoa ushahidi dhidi ya mumewe wamesikia nusu tu. Kosa likiwa ni la kumdhuru mwenzi au watoto, Sheria ya Ushahidi inaruhusu korti ikuite, na utaenda.

Hata hivyo sheria yetu inapenda upatanisho. Katiba ya 2010, kifungu cha 159, inaziambia mahakama ziuhimize. Sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, kifungu cha 176, inamruhusu hakimu kusaidia pande mbili zipatane, hata kwa kulipana fidia, kisha asimamishe kesi au aimalize. Lakini mpaka umewekwa: ni kwa shambulio la kawaida na makosa mengine ya kibinafsi ambayo si makubwa wala hayakufanywa kwa ukali uliopita kiasi. Kifungu cha 204 nacho kinakubali mlalamishi aondoe malalamishi yake kabla ya uamuzi, mradi hakimu aridhike kwamba sababu zinatosha. Neno ni *aridhike*. Barua ya kanisa pekee haimlazimishi.

Sasa angalia uzito wa makosa yenyewe. Shambulio la kawaida lina kifungo cha hadi mwaka 1. Likiacha jeraha, ni hadi miaka 5. Ukimwachia mtu kilema au madhara ya kudumu, adhabu yaweza kufika kifungo cha maisha, na hapo kifungu cha 176 hakifiki kabisa. Mapatano huja kuzungumzwa mwishoni, mshtakiwa akishapatikana na hatia na kuomba ahurumiwe. Afisa wa probesheni huleta ripoti. Aliyeumizwa naye anaweza kueleza jinsi alivyoathirika. Sheria ya Kulinda Waathiriwa ya 2014 inampa nafasi hiyo. Msamaha wa kweli unaweza kupunguza miaka, au kuleta kifungo cha nje. Unaweza pia usibadilishe kitu, hakimu akiona kwamba huyu mama amesamehe kwa sababu kodi ya nyumba inalipwa na yule aliyempiga.

Si sisi tu tunaohangaika na jambo hili. India ilitunga mwaka 1983 kifungu cha 498A kuhusu ukatili wa mume au jamaa zake dhidi ya mke, kifungo hadi miaka 3, na wanandoa hawakuruhusiwa kuondoa kesi wenyewe. Mwaka 2003, katika kesi ya B.S. Joshi, Mahakama Kuu Zaidi ya huko ilisema mahakama kuu ya jimbo inaweza kuifuta wakiwa wamepatana kweli. Hata hapo ni jaji anayeamua.

Mimi nilisomea biashara, nisameheni kwa mfano huu. Deni likisamehewa, mhasibu halifuti kwa raba. Anaandika kwamba limesamehewa, kiasi gani, na nani aliidhinisha. Daudi aliambiwa na Nathani kwamba dhambi yake imeondolewa, na pumzi ileile ikamwambia matokeo yatakayofuata nyumbani kwake. Zakayo naye hakuleta machozi tu. Alitaja hesabu: nusu ya mali kwa maskini, na mara nne kwa aliowadhulumu.

Kwa hivyo ndugu, ukiniambia umetubu, nitakuuliza: bili ya hospitali ililipwa na nani? Umeacha pombe tangu lini? Uko tayari kulala kwingine mpaka yeye mwenyewe aseme urudi? Na wewe dada, nitaomba tuongee bila yeye kuwa mlangoni, mke wa mchungaji akiwepo. Kama uliambiwa na mtu yeyote, hata mzee wa kanisa, kwamba usipoondoa kesi humpendi Mungu, huyo hakutumwa na ofisi yetu.

Barua nikiiandika itasema niliyoyaona: wamekuja vikao vingapi, nini kimelipwa, mke alisema nini akiwa peke yake. Sitaandika "wamepatana" kwa kuambiwa. Na kama leo unasoma haya ukiwa na hofu ya kurudi nyumbani, piga 1195, ni bure, kabla ya kunitafuta mimi.