Valium na Diazepam: Tujifunze Maana ya Jina la Dawa Hii



Katika somo hili tunaangalia jina moja ambalo karibu kila familia hapa kambini imelisikia: Valium. Wengine tulilijua tukiwa bado nyumbani Kongo au Burundi, wengine tumelikuta huku. Mama anayekosa usingizi huambiwa na jirani, "Tafuta Valium, utalala." Kijana huuziwa kidonge kimoja kimoja bila kuulizwa kitu. Mtoto akipata degedege, muuguzi huandika diazepam kwenye karatasi, na wazazi hawajui kwamba ni dawa ile ile. Jina tunalo mdomoni, lakini maana yake na kazi yake wengi hatujafundishwa. Kwa dawa hii, kutojua kunaweza kumgharimu mtu uhai wake. Basi tusome pamoja, polepole.

1. DAWA MOJA, MAJINA MAWILI

Hapa tulipo kila mtu ana jina lililoandikwa kwenye kadi ya rasheni, na tena ana jina la nyumbani ambalo mama yake humwitia. Mtu ni yule yule. Dawa nazo ziko hivyo. Panadol ni jina la biashara. Jina la dawa yenyewe ni paracetamol. Vivyo hivyo, Valium ni jina la biashara lililotolewa na kampuni ya Roche ya Uswisi, nayo dawa yenyewe inaitwa diazepam.

Jina la biashara ni mali ya kampuni moja. Jina la pili ni la watu wote. Shirika la Afya Duniani lilianza mpango wa majina ya dawa ya kimataifa mwaka 1950, ili daktari wa nchi moja aandike na mfamasia wa nchi nyingine aelewe. Mpango huo unatusaidia hasa sisi tuliovuka mipaka. Karatasi iliyoandikwa diazépam kwa Kifaransa huko Bukavu itasomeka hapa kama diazepam, dawa ile ile.

Hatari iko wapi? Iko kwa mtu anayemeza Valium aliyopewa na jirani, halafu anakwenda zahanati na kupewa diazepam, akidhani ni dawa mbili tofauti. Anameza zote mbili, na dozi inazidi bila yeye kujua.

2. "VALIUM" MAANA YAKE NI NINI?

Wataalamu wa maneno hulihusisha jina hili na neno la Kilatini valere, yaani kuwa na nguvu, kuwa na afya. Warumi wa kale walitumia neno hilo kuagana. Mtu akiondoka aliambiwa vale, na wakiwa wengi valete, kama kusema "muwe na nguvu." Katika Biblia ya Kilatini, ile barua ya mitume iliyo katika Matendo sura ya 15 inamalizika kwa neno hilo, valete, kwenye mstari wa 29.

Kwa hiyo jina linaahidi nguvu. Lakini tuangalie dawa inafanya nini mwilini. Ndani ya ubongo kuna kemikali iitwayo GABA, ambayo kazi yake ni kupunguza mwendo, kama breki ya baiskeli. Diazepam huiongezea breki hiyo nguvu. Hofu inapungua, misuli inalegea, usingizi unakuja, na kifafa kinaweza kukatika. Nguvu inayoongezeka ni ya breki. Breki ni kitu kizuri kwenye mteremko, lakini ukiikaza kupita kiasi baiskeli inasimama kabisa. Mwilini, kinachoweza kusimama ni pumzi.

3. "DIAZEPAM" NA NDUGU ZAKE

Jina hili nalo lina maana. Di ni neno la Kigiriki, maana yake mbili. Az inatoka kwenye azote, jina ambalo waliosoma shule za Kifaransa wanalikumbuka. Kwa Kiingereza ni naitrojeni. Diazepini ni jina la pete ya atomi 7, ambazo 2 kati yake ni za azoti. Pete hiyo ndiyo kiini cha dawa.

Ukoo mzima unaitwa benzodiazepini. Neno benzo lina safari ndefu, na limepita karibu na lugha yetu. Waarabu waliita utomvu fulani wenye harufu nzuri luban jawi, yaani ubani wa Jawa. Neno letu ubani linatokana na luban hiyo hiyo. Wazungu waliposikia jina hilo walikata silabi ya kwanza, likawa benjoin kwa Kifaransa. Katika karne ya 19 wanakemia wakapata kutoka kwenye asidi ya utomvu huo kimiminika walichokiita benzini, na ndiyo asili ya benzo. Mtu asidhani kwamba ndani ya kidonge kuna ubani. Lililobaki ni jina tu.

Sasa jambo la kushika: mwisho wa jina, -azepam, ni kama jina la ukoo. Ukiona lorazepam, clonazepam, nitrazepam au bromazepam, ujue hao ni ndugu wa diazepam. Flunitrazepam pia ni wao, jina lake la biashara ni Rohypnol, na huko Kenya watu wa mtaani wameiita "bugizi." Ndugu hawa hawana nguvu sawa, na hutumika kwa mambo tofauti. Lakini tahadhari zao zinafanana: zote huzoesha mwili, na zote ni hatari zikichanganywa na pombe.

4. ALIYEITENGENEZA

Mwanakemia Leo Sternbach alizaliwa mwaka 1908 katika mji wa Opatija, ambao leo uko Kroatia. Alikuwa Myahudi. Alisoma Kraków, Poland, kisha akafanya kazi na Roche huko Basel, Uswisi. Wakati Wanazi wakitawala sehemu kubwa ya Ulaya, mwaka 1941, kampuni ilimhamishia Marekani pamoja na mke wake. Huko, katika jimbo la New Jersey, aliunda dawa ya kwanza ya ukoo huu, iliyotoka sokoni mwaka 1960 kwa jina la Librium. Valium ikafuata mwaka 1963. Sternbach alifariki mwaka 2005.

Valium ilienea upesi sana. Kuanzia mwaka 1969 hadi 1982 ilikuwa miongoni mwa dawa zilizoandikwa zaidi na madaktari wa Marekani. Watu walidhani wamepata dawa ya huzuni zote. Baadaye ikaonekana kwamba wengi hawawezi kuiacha. Mwaka 1984 dawa za ukoo huu ziliingizwa katika orodha ya dawa zinazodhibitiwa na mataifa. Kwa sababu hiyo haipaswi kuuzwa bila karatasi ya daktari.

5. MAHALI INAPOOKOA

Tusiichukie dawa hii. Imo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani, na katika mikono ya mganga aliyesoma inaokoa watu:

- Degedege au kifafa kisichokatika. Mshtuko ukipita dakika 5, ni hatari ya uhai. Mhudumu wa afya anaweza kumpa mgonjwa diazepam kwa mshipa au kwa njia ya haja kubwa.
- Pepopunda, kwa kulegeza misuli iliyokakamaa.
- Mlevi wa muda mrefu anayeacha pombe na kuanza kutetemeka na kuchanganyikiwa. Huyu atibiwe kituoni.

Nyumbani, mtu akianguka kifafa, mlaze kwa ubavu, ondoa vitu vigumu karibu naye, na angalia saa. Usitie kitu chochote mdomoni mwake: wala kijiko, wala maji, wala kidonge. Kidonge kinaweza kumpalia. Na tukumbuke kwamba diazepam inakatisha mshtuko wa sasa hivi. Dawa ya kifafa ya kila siku ni nyingine, mara nyingi fenobabito, nayo haiachwi ghafla kwa sababu mtu ameona nafuu au ameombewa. Maombi na dawa havigombani.

6. MAHALI ISIPOFAA

Hapa ndipo jambo linapotugusa sisi wenyewe. Wengi wetu tuliona mambo ambayo hatuwezi kuyasimulia mbele ya watoto. Usiku yanarudi. Wengine tumezika ndugu njiani, wengine hatujui walikozikwa. Mtu wa namna hiyo akitafuta kidonge ili alale, hatuwezi kumcheka.

Lakini mwaka 2013 Shirika la Afya Duniani liliwaelekeza wahudumu wa afya wasitoe dawa za ukoo huu kwa watu wazima wenye mshtuko wa kihisia au kukosa usingizi katika mwezi wa kwanza baada ya tukio la kutisha, wala kwa aliyefiwa ambaye hana ugonjwa wa akili. Kwa watoto wa hali hiyo zisitolewe kabisa. Haijaonekana kwamba zinaponya jeraha hilo, na mwili huzizoea upesi. Kidonge kimoja cha mwezi wa kwanza kinakuwa viwili. Kumbukumbu inapungua, mzee anaanguka usiku, mama hasikii mtoto akilia. Na huzuni bado ipo pale pale, inangoja.

Basi muuguzi akikataa kukupa Valium, usiseme amekunyima. Mwombe akuelekeze kwa mshauri wa afya ya akili. Na sisi tuwe na desturi za kusaidiana: kukaa na mfiwa bila kumhimiza anyamaze, kulala na kuamka saa zile zile, kuacha kahawa na chai kali jioni, kumpa mtu kazi ndogo ya mikono mchana. Akisema hataki tena kuishi, asiachwe peke yake hata usiku mmoja; apelekwe kituoni.

7. TAHADHARI ZA KUSHIKA

- Usichanganye kamwe na gongo, waragi, lutuku wala pombe yoyote, wala na dawa kali za maumivu kama tramadol, isipokuwa daktari ameamua. Pumzi inaweza kukatika usingizini.
- Usimpe mwingine kidonge chako. Kinachokutosha wewe kinaweza kuwa kingi kwa mtoto, mzee au mjamzito.
- Mjamzito na anayenyonyesha waseme mapema kwa mhudumu.
- Usiendeshe pikipiki baada ya kumeza. Dawa hii hukaa mwilini siku kadhaa.
- Aliyeitumia kwa wiki nyingi asiache ghafla, maana anaweza kupata mshtuko kama wa kifafa. Aende kituoni apunguziwe kidogo kidogo, naye asionewe aibu. Mwili uliozoea dawa unahitaji matibabu.
- Vidonge vifichwe mbali na watoto, na vilivyobaki virudishwe kituoni.

MASWALI YA KUJADILIANA KATIKA VIKUNDI

1. Valium na diazepam zinatofautianaje? Taja dawa nyingine mbili za ukoo huo.
2. Tufanye nini nyumbani mtu akianguka kifafa, na tusifanye nini?
3. Je, yupo jirani kwenye mstari wetu wa nyumba asiyelala usiku? Nani atakwenda kumtembelea wiki hii?

Wapendwa, someni somo hili kwa sauti kwa wale wasiojua kusoma. Muwe na nguvu.