SOMO LA VIKUNDI: MZAHA ULIOGEUKA USHINDI

Katika somo hili tunajifunza jinsi wanawake wa Marekani walivyoanza kushika uongozi wa miji wakati wengi wao walikuwa bado hawaruhusiwi kumchagua Rais.

Mwaka 1887 jimbo la Kansas liliwapa wanawake haki ya kupiga kura, lakini katika chaguzi za miji tu. Katika mji mdogo wa Argonia, akina mama wa Umoja wa Wanawake Wakristo wa kupinga ulevi walikutana wakapendekeza wagombea, wote wanaume. Baadhi ya wanaume waliochukizwa na umoja huo wakapanga kuwadhihaki. Walichapisha karatasi za kura zenye majina yale yale, ila kwenye nafasi ya meya wakaweka jina la Susanna Salter, mwanachama wa umoja mwenye umri wa miaka 27, bila kumwambia. Walitegemea apate kura chache, akina mama waaibike.

Mama Salter alipata habari siku yenyewe ya uchaguzi, tarehe 4 Aprili. Wajumbe wa chama cha Republican walimfuata nyumbani wakamuuliza: ukichaguliwa, utaifanya kazi? Akakubali. Akina mama wakamwacha mgombea wao wa awali, wakampigia yeye. Alipata karibu theluthi mbili ya kura. Aliongoza baraza la madiwani wanaume kwa mwaka mmoja, akalipwa dola 1, wala hakugombea tena.

Mwaka 1888 mji wa Oskaloosa, katika jimbo hilo hilo, ulimchagua Mary Lowman kuwa meya pamoja na madiwani wanawake watupu. Haki kamili ya kura ilifika Kansas mwaka 1912, na katiba ya nchi nzima ikaitambua mwaka 1920.

Tunajifunza nini?

1. Umoja ulikuwepo kabla ya nafasi. Bila kikundi kilichozoea kukutana na kuamua pamoja, mzaha ule ungefaulu.
2. Hata akina mama wenyewe walikuwa wamependekeza wanaume tu. Dhihaka ya wengine ndiyo iliyowafumbua macho.

Maswali ya kujadili

1. Katika kikundi chenu, ni nani anayefaa kuongoza ambaye hamjawahi kumtaja?
2. Akiulizwa leo kama yuko tayari, ninyi mtamuunga mkono kwa vitendo gani?