Ngege na Ndoo ya Vifaranga

Wazee waliokulia kandokando ya Ziwa Victoria kabla ya mwaka 1960 wamjua ngege vizuri. Alikuwa kitoweo cha nyumbani na heshima ya mgeni, na kwa fedha yake watoto wengi walilipiwa ada ya shule. Leo mtoto wa Mwanza au wa Kisumu akiulizwa samaki wa ziwa lake, atataja sato, sangara na dagaa. Ngege hamjui. Katika somo hili twataka kueleza jinsi samaki wa kila siku alivyogeuka kuwa adimu, mahali alipobaki, na jambo moja liwezalo kummaliza kabisa. Nalo ni jambo lifanywalo na watu wenye nia njema.

Tumtazame kwanza samaki mwenyewe. Wataalamu humwita Oreochromis esculentus, neno la pili ni la Kilatini, maana yake “afaaye kuliwa.” Aliyempa jina hilo ni Bwana Michael Graham, Mwingereza aliyetumwa kuchunguza uvuvi wa ziwa mwaka 1927 na 1928. Makao ya asili ya ngege ni Ziwa Victoria, Ziwa Kyoga na maziwa madogo yaliyo jirani. Chakula chake hasa ni mimea midogo mno ieleayo majini, isiyoonekana kwa macho. Dume huchimba shimo la duara chini ya maji, na jike hutaga humo. Kisha jike huyachukua mayai kinywani mwake, na huko huko huwalea watoto mpaka waweze kujitegemea. Kwa sababu hiyo hazai kwa wingi kama samaki watagao mayai na kuyaacha. Amvuaye jike mwenye mayai kinywani amevua na kizazi kinachofuata.

Sasa tuone yaliyompata. Reli ilifika Kisumu mwaka 1901, na pamoja nayo likaja soko la samaki. Mwaka 1905 zililetwa nyavu za kutega zilizofumwa ng’ambo, zikaishinda mitego ya zamani ya mafunjo. Bwana Graham alipofika alikuta kwamba mahali palipovuliwa sana wavu mmoja haukunasa tena samaki wengi kama mwanzo. Alishauri pasitumiwe wavu wenye jicho chini ya inchi 5, ili ngege wapate kuzaa kabla ya kunaswa. Sheria ikawekwa. Lakini jicho dogo huleta samaki wengi leo, na walinzi wa ziwa kubwa kama hilo walikuwa wachache. Katika miaka ya 1950 na mwanzoni mwa miaka ya 1960 sheria hiyo iliondolewa, na macho ya nyavu yakazidi kuwa madogo.

Samaki walipopungua, wakubwa waliona heri kuleta samaki wengine. Katika miaka hiyo hiyo sato aliingizwa ziwani. Vile vile aliingizwa sangara, samaki mla samaki, awezaye kukua hata kukaribia mita 2 kwa urefu. Kwa miaka mingi hakukuonekana badiliko kubwa. Kisha, katika miaka ya 1980, sangara walienea ziwa zima, na samaki wadogo wa asili wa aina nyingi wakatoweka. Tena maji yenyewe yaliharibika. Udongo na mbolea za mashambani, pamoja na uchafu wa miji, viliyalisha maji kupita kiasi. Mimea midogo aliyoizoea ngege ikapungua, na mahali pake ikashika aina nyingine ya mwani, ule uyafanyao maji kuwa ya kijani.

Mtu aweza kuuliza: Je, walioleta sangara na sato walikosa akili? Hapana. Walitaka watu washibe, na kweli sangara alileta viwanda, kazi na fedha za kigeni. Lakini wazee wetu walisema, “Usiache mbachao kwa msala upitao.” Kosa halikuwa kuutamani msala mpya. Kosa lilikuwa kutoutunza mbacha.

Hata hivyo ngege hajaisha. Amebaki katika maziwa madogo ambayo watu wengi hawayajui hata kwa jina. Nchini Kenya yuko katika Ziwa Kanyaboli, ndani ya kinamasi cha Yala. Katika Uganda amepatikana katika maziwa madogo ya Kayanja na Kayugi, karibu na Nabugabo. Na Tanzania amepatikana Burigi na Ikimba, mkoani Kagera. Ni kitu gani kilichomlinda? Mahali pengi mlinzi wake amekuwa mafunjo. Maji yaliyo ndani ya mafunjo mazito yana hewa kidogo, na sangara hawezi kuyavumilia; ngege na jamaa zake wengine huyavumilia. Basi kinamasi kile ambacho watu hukiita pori la mbu, na ambacho kila mara hutazamwa kama shamba lililochelewa kulimwa, kimekuwa boma la samaki huyu.

Lakini mafunjo hayawezi kumzuia mtu mwenye ndoo. Hapa ndipo penye hatari ya leo. Mtu mwema aliona ziwa la kijijini lina samaki wadogo. Akaenda akanunua vifaranga vya sato, maana sato hukua upesi, akavimwaga majini ili watu wapate kitoweo. Au alichimba bwawa lake kando ya ziwa, mvua kubwa ikaja, bwawa likafurika, na sato wakaenda zao. Sato na ngege ni ndugu wa karibu. Huzaana, na watoto wao nao huzaa. Wataalamu waliochunguza damu na nasaba ya samaki wa maziwa hayo wamekuta mchanganyiko huo umekwisha kuanza mahali pengine. Wavu hupunguza ngege, na wavu ukiondolewa waweza kuongezeka tena. Mchanganyiko haurudishwi. Ukishatia maji katika maziwa ya ng’ombe, hakuna chujio la kuyatenga.

Wengine watasema, “Samaki ni samaki, akijaa chunguni yatosha.” Tuwajibu kwa mfano wa mkulima. Mkulima mwenye busara hali mbegu yake yote, hata kama mahindi ya dukani ni makubwa zaidi, kwa sababu hajui mwaka ujao utaleta ugonjwa gani. Ufugaji wa samaki waenea katika nchi zetu, na siku moja wafugaji watahitaji damu ya samaki aliyezoea maji yetu na magonjwa yetu. Damu hiyo imo ndani ya ngege. Tukiipoteza, hakuna duka liuzalo nyingine.

Basi mambo matatu yatupasa, hasa sisi tukaao karibu na maziwa hayo. La kwanza, mtu ye yote asitie samaki wageni katika ziwa dogo bila ya kuwauliza kwanza maafisa wa uvuvi. Na mwenye bwawa la sato alichimbe mbali na njia ya mafuriko. La pili, tuyaache mafunjo ya ukingoni yasimame, wala tusiyachome moto ili kupata kishamba cha msimu mmoja. La tatu, tusitumie kokoro wala nyavu za macho madogo mahali samaki wanapozalia.

Na baba au mama awafundishe watoto kumtambua. Mkia wa sato una mistari ya wazi iliyopangika kutoka juu hadi chini; mkia wa ngege hauna mistari hiyo. Mtoto ajuaye tofauti hiyo, siku atakapomwona jirani akielekea ziwani na ndoo ya vifaranga, atajua la kumwambia.