SOMO: MPANGAJI WA DUKA ASIYELIPA KODI

Chama cha ushirika chenye jengo la maduka nchini Kenya hakiruhusiwi kutia kufuli mlango wa mpangaji kwa sababu tu ana deni. Upangaji wa duka usioandikwa, au ulioandikwa kwa muda usiozidi miaka 5, unalindwa na sheria ya mwaka 1965 ihusuyo maduka, hoteli na mikahawa, yaani Sura ya 301.

Deni huwa sababu ya kumwondoa mpangaji endapo miezi 2 imepita tangu kodi ilipopasa kulipwa, au ikiwa ana mazoea ya kuichelewesha. Hata hivyo sharti apewe ilani katika fomu iliyowekwa na sheria, yenye kutaja sababu. Nayo haina nguvu kabla ya kutimia miezi 2 tangu aipokee. Barua ya katibu, hata ikipigwa muhuri wa chama, si ilani hiyo.

Mpangaji naye asiikunje ilani na kuitia mfukoni. Ana mwezi 1 wa kujibu kwa maandishi kama anakubali au anakataa. Akikataa, apeleke shauri lake kwenye Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara kabla ya siku iliyotajwa; hapo ilani husimama hadi Baraza liamue. Akinyamaza, ilani hutimia, ijapokuwa risiti zote za kodi zimo mkobani mwake.